Mtambo wa Sauti Umenyamaza: Kutafuta Hitilafu katika Mashine ya Kubuni

Umebuni mji ulio ufukweni mwa ziwa, chini ya mlima wa moto. Hakuna mafuta wala nyaya za umeme; taa, vinu na mashua vyote vinakwenda kwa sauti. Sura ya kwanza imepita vizuri. Katika sura ya tatu msomaji mmoja wa Himbi, mtaa wa Goma, anainua macho, anauliza swali moja fupi, na mji mzima unazimika.

Maswali ya namna hiyo yapokelewe kama fundi anavyopokea malalamiko ya mteja. Swali ni dalili, nyuma yake ipo sababu, na sababu nyingi zinatibika bila kubomoa hadithi. Hesabu zilizomo humu ni za sauti ya kweli katika hewa ya kweli. Uchawi wako una ruhusa ya kuvunja mojawapo, ila uivunje ukijua ni ipi, na uivunje mahali pamoja tu. Mtunzi anayevunja tatu kwa wakati mmoja hana tena mashine, ana matamanio.

Ili tuelewane, mtambo wa mfano una viungo vitano. Kinywa ni mahali ambapo nguvu inaingia na kuitikisa hewa. Koo ni bomba linalobeba mtikisiko huo. Tumbo ni chungu kikubwa chenye shingo nyembamba, kinachoitikia noti moja na kuikuza. Ngozi imewambwa mwisho wa njia, nayo inasukumwa na hewa. Mkono umefungwa kwenye ngozi, na ndio unaozungusha gurudumu. Hitilafu yoyote utakayoletewa iko katika kimoja cha viungo hivi, au kati ya viwili.

“Hiyo nguvu yenyewe inatoka wapi?”

Hili ndilo swali linaloua mitambo mingi, kwa hiyo anza nalo kabla hujagusa kitu kingine.

Dalili: wapiga ngoma ishirini wanapiga uwanjani, taa za mtaa mzima zinawaka. Msomaji haridhiki, hata kama hawezi kusema kwa nini.

Sababu: sauti ina nguvu ndogo sana kuliko masikio yanavyotuaminisha. Sikio ni chombo chepesi mno kuhisi, ndiyo maana tunadanganyika. Mtu anayeongea kawaida hutoa takriban wati 0.00001 za sauti. Watu 100,000 wakiongea kwa pamoja, na sauti yao yote ikikusanywa bila kupotea hata kidogo, ni wati 1. Balbu ndogo ya LED inataka 5. Kwenye desibeli 120, pale masikio yanapoanza kuuma, kila mita moja ya mraba inapitiwa na wati 1 tu. Kwenye desibeli 90, kelele ambayo ukisimama ndani yake unalazimika kupaza sauti ili usikike, ni wati 0.001. Kwa kelele hiyo balbu moja ya wati 5 inahitaji mita za mraba 5,000 za ngozi isiyopoteza chochote. Jua la mchana lisilo na wingu humwaga karibu wati 1,000 juu ya mita moja hiyohiyo.

Swali la pili linafuata papo hapo, nalo ni kali zaidi. Mtu mwenye afya akikanyaga pedali mfululizo hutoa wati 75 hadi 100. Ngoma inageuza sehemu ndogo tu ya jasho la mpigaji kuwa sauti. Kwa nini basi mpiga ngoma asizungushe gurudumu kwa miguu yake?

Tiba: acha kuifanya sauti kuwa chanzo, ifanye kuwa mchukuzi. Sauti ni kama chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kusukuma mizigo: inapeleka mzigo mzito kwenye njia mbaya, lakini mzigo si wake, kuna aliyeupakia. Tafuta nani amepakia. Chini ya mlima wa moto jibu liko karibu, ni joto.

Joto kugeuka sauti si uchawi. Mwaka 1859 Mholanzi Pieter Rijke alionyesha kwamba bomba lililo wazi pande zote mbili, likisimamishwa wima na kuwekwa wavu wa chuma uliopashwa moto ndani yake, huanza kulia lenyewe. Kipimo cha kujaribu ni hiki: bomba la chuma la urefu wa mita 1 na upana wa sentimita 5 hivi, na tabaka chache za wavu wa waya zilizobanwa robo ya njia kutoka chini, yaani sentimita 25. Pasha wavu mpaka uwe mwekundu, ondoa moto, simamisha bomba ukilishika kwa glavu nene. Litalia kwa sauti nene ya hezi 170, yaani mitetemo 170 kwa sekunde, au juu kidogo, kisha litafifia kadiri wavu unavyopoa.

Lisipolia, angalia mambo manne kwa mpangilio huu. Wavu uko nusu ya juu: utabaki kimya, maana wavu wa moto hufanya kazi katika nusu ya chini. Bomba limelala: hewa ya moto haipandi, hakuna mkondo. Tabaka za wavu ni nyingi mno na zinaziba njia. Au mdomo wa chini umekaa juu ya meza na umezibika. Mtunzi makini ataona kwamba kila kosa hapa ni tukio la hadithi. Mtambo unaonyamazishwa kwa kulazwa ubavu una swichi ambayo msomaji anaiona kwa macho, na adui hahitaji kuuvunja, anahitaji tu kuuangusha.

Ukitaka mtambo mkubwa unaoaminika, fahamu kwamba mwaka 1999 Scott Backhaus na Greg Swift, katika maabara ya Los Alamos nchini Marekani, walieleza injini iliyogeuza asilimia 30 ya joto lililoingia kuwa nguvu ya sauti, bila pistoni ndani yake. Gesi yao ilikuwa heli iliyoshindiliwa kwa shinikizo kubwa. Kwa hiyo koo la mtambo wako liwe na kuta nene, na mafundi wako wawe wanaogopa nyufa.

Kosa ambalo watunzi hurudia hapa ni kusahau upande wa baridi. Joto halifanyi kazi kwa kuwa kali, hufanya kazi kwa kupita kutoka penye moto kwenda penye baridi. Lava ya zaidi ya nyuzi 1,000 peke yake haitalisha kinywa. Kando yake lazima kuwe na maji ya ziwa yanayopita na kuondoa joto. Mji wako basi una mabomba mawili, la moto na la baridi, na anayemiliki mtaro wa maji ana mamlaka sawa na anayemiliki mlima.

Njia nyingine ni kuuacha mlima utikise hewa wenyewe. Volkano yenye ziwa la lava, kama Nyiragongo, hutoa mngurumo ulio chini ya hezi 20, ambao sikio haliusikii ila vyombo vinaunasa. Tatizo ni ukubwa. Wimbi la hezi 1 lina urefu wa mita 340 hivi, na bomba lililozibwa upande mmoja linapaswa kuwa robo yake, mita 85. Hakuna mfinyanzi wa kutengeneza bomba hilo, lakini pango refu lililoachwa na lava iliyopita linaweza kuwa koo. Huko ndiko tungepeleka hadithi kama ingekuwa yetu.

“Ulilia alfajiri, saa saba mchana umenyamaza”

Sababu ziko tatu, na zinatofautishwa kwa kusikiliza.

Ya kwanza ni ya kinywa: maji ya kupooza yamepata joto, tofauti kati ya pande mbili imepungua. Mtambo hufifia polepole bila kubadilisha noti sana. Ongeza mkondo wa maji, basi.

Ya pili ni koo na tumbo kuachana, na hapa inabidi tukae kidogo. Tumbo ni chungu kinachoitikia kama kundi linavyoitikia mwimbaji: likipewa noti yake linapokea kwa nguvu, likipewa noti ya jirani linabaki kimya. Chukua bidoni ya njano ya lita 20, tupu, bila kifuniko, mdomo wa upana wa sentimita 4. Ipige mdomoni kwa kiganja kilicholegea. Mlio wake unakaribia hezi 60. Jaza maji lita 15 ili hewa ibaki lita 5, piga tena: noti imepanda oktava nzima, kwa sababu hewa ikibaki robo mitetemo inakuwa mara mbili. Tumbo la mtambo wako linatii kanuni hiyohiyo, na koo la kulilisha noti ya hezi 60, likizibwa upande mmoja, lina urefu wa mita 1.43.

Mwendo wa sauti hewani ni mita 331 kwa sekunde kwenye nyuzi 0, na huongezeka karibu mita 0.6 kwa kila nyuzi moja. Alfajiri ya nyuzi 15 ni mita 340, mchana wa nyuzi 27 ni karibu mita 348. Ni tofauti ya asilimia 2, na hezi 60 zimekuwa 61.3. Koo na tumbo vikipata joto pamoja, vinapanda pamoja na hakuna atakayegundua. Hitilafu inakuja koo likiwa juani na tumbo kivulini, au kinyume chake. Chungu kizuri, kile kinachoitikia ndani ya upana wa hezi 1.2 tu, kikikosewa kwa asilimia 2 kinapokea chini ya moja ya tano ya nguvu yake. Kadiri fundi anavyofinyanga chungu bora ndivyo kinavyochagua zaidi. Chungu kibaya kinaitikia kila kitu, kwa udhaifu.

Marekebisho: rudisha vyote kwenye kivuli kimoja. Ikishindikana, refusha koo kwa sentimita 3 kwa bomba la ndani linaloteleza. Au mimina maji lita 0.8 ndani ya tumbo la lita 20. Hewa inapungua asilimia 4, noti inapanda asilimia 2, vinakutana. Kwa hiyo mhudumu wa mtambo anatembea na kibuyu na kipimo, na kazi yake haiishi: mchana anaongeza maji, jioni anayatoa.

Ya tatu ni ngozi. Ngozi ya mnyama hunywa unyevu na kulegea, na ikilegea noti yake huanguka: mkazo ukibaki robo, noti inashuka oktava moja. Ukisikia mtambo unalia vizuri lakini gurudumu linatetemeka bila kuzunguka baada ya mvua, usiguse koo wala tumbo. Leta mbabula yenye makaa, isogeze karibu na ngozi kama wapiga ngoma wanavyofanya kabla ya sherehe, ukiizungusha isiungue upande mmoja, mpaka ukigonga kwa kidole ipate mlio mkavu.

Neno moja kuhusu mwinuko, kwa sababu linakosewa na watunzi wenye elimu. Goma iko mita 1,500 hivi juu ya usawa wa bahari, na hewa yake ni nyepesi kwa karibu asilimia 15 kuliko ya pwani. Noti ya bomba haibadiliki kwa sababu hiyo, maana mwendo wa sauti unafuata joto na aina ya gesi, si shinikizo. Kinachopungua ni nguvu: hewa nyepesi ikitikiswa kwa kiasi kilekile inabeba kidogo. Mtambo ulioletwa kutoka pwani utalia noti yake ya zamani, kwa unyonge kidogo.

“Noti imeshuka ghafla, na hakuna aliyegusa kitu”

Kama mji wako uko kwenye mawe meusi ya lava, hii ndiyo dalili yenye thamani kuliko zote, na watunzi wa mahali pengine hawanayo.

Watu wa Goma, Mugunga na Sake wanaijua mazuku: gesi ya kaboni dayoksaidi inayotoka ardhini na kutuama kwenye mabonde na mashimo, hasa usiku na alfajiri pasipo upepo. Ni nzito mara moja na nusu kuliko hewa, haionekani, na inaua. Katika gesi hiyo sauti inakwenda polepole, mita 268 hivi kwa sekunde kwenye nyuzi 20, badala ya 343. Bomba lililojaa mazuku tupu linashuka kwa asilimia 22: hezi 60 zinakuwa 47, zaidi ya nusu-toni nne. Hakuna jua wala mvua inayoshusha noti hivyo. Mwimbaji yeyote wa kwaya atalisikia.

Lakini bomba halijai mara moja, na mtu anaanguka mapema zaidi. Hewa yenye asilimia 10 ya gesi hiyo inaweza kumzimisha mtu ndani ya dakika chache, na kwa kiwango hicho noti inashuka asilimia 3 tu. Sikio moja pekee halitagundua. Kwa hiyo mtambo wako upewe zumari mbili ndogo zilizozibwa upande mmoja, za urefu uleule, sentimita 86, zinazolia hezi 100: moja sentimita chache kutoka sakafuni, nyingine juu ya kichwa cha mtu. Hewa ikiwa safi zinalia kama moja. Gesi ikiingia chini, ya chini inakuwa hezi 97, na sauti zote mbili pamoja zinaanza kupwita: zinavimba na kunywea mara tatu kila sekunde. Baridi ya sakafuni nayo huleta mpwito, lakini hata sakafu ikiwa baridi kwa nyuzi 5 kuliko dari, ni mpwito mmoja hivi kwa sekunde. Kwenye hadithi, mpwito mmoja ni alfajiri. Mipwito mitatu, watoto wanabebwa mabegani na watu wanapanda mlima.

Hicho ni kifaa cha hadithi. Katika maisha ya kweli hakuna mtu anayeshuka shimoni na zumari. Mahali panapojulikana kuwa na mazuku hapaingiwi.

Tiba ya mtambo wenyewe ni kuuhamisha juu, au kuinua mdomo wa kuingizia hewa kwa mita kadhaa. Kurefusha au kufupisha koo ili noti irudi ni kosa baya kuliko yote: umeficha onyo.

“Unanguruma, lakini mkono hausogei”

Ngozi imewekwa mahali pabaya. Ndani ya bomba linalolia kuna sehemu ambapo hewa inakimbia huku na huku bila kusukuma, na sehemu ambapo imetulia lakini shinikizo linapanda na kushuka. Ngozi inataka sehemu ya pili. Kwenye bomba lililozibwa upande mmoja, hiyo ni kwenye kizibo; kwenye mdomo ulio wazi shinikizo ni karibu sifuri, na ndipo wachoraji wengi wa katuni wanapoiweka kwa sababu inapendeza.

Kupima: mwaka 1866 August Kundt alinyunyiza vumbi jepesi ndani ya bomba la kioo lililolala, na sauti ikalikusanya katika vichuguu vidogo pale ambapo hewa imetulia. Mhudumu wako anyunyize unga mkavu mwembamba. Unga unapokaa, hapo ndipo ngozi iwekwe.

“Mtaa wa mbali haupati kitu”

Nafasi wazi inaua sauti haraka. Kila umbali unapokuwa mara mbili, desibeli 6 zinaondoka. Mlio wa desibeli 120 ukiwa mita 1, kilomita 1 mbele umebaki 60, kiasi cha maongezi ya kawaida, na kila mita ya mraba inapata sehemu moja ya milioni ya nguvu ya mwanzo. Lokole, ngoma ya gogo ya kupelekea habari, ilivuka msitu kwa sababu ilibeba habari, na habari inahitaji kusikika tu. Kusaga mahindi ni kazi nyingine.

Fungia sauti ndani ya bomba, haitatawanyika. Mwanzoni mwa karne ya 19 Jean-Baptiste Biot alifanya majaribio Paris katika mabomba ya maji ya chuma yenye urefu wa mita 951, na hata sauti ya chini iliyosemwa upande mmoja ilisikika upande wa pili. Aligundua pia kwamba pigo moja linafika mara mbili: kwanza kupitia chuma, kisha kupitia hewa ya ndani, sekunde 2.5 hivi baadaye. Hii inaeleza dalili inayofanana nayo, gurudumu la mbali linaloshtuka kabla ya wakati wake. Tiba ni kukata mwendelezo wa chuma: kila mita kadhaa, unga bomba kwa kipande cha ngozi au mpira, hewa ipite na chuma kisipitishe.

Kwa mzigo mkubwa zaidi jaza bomba maji. George Constantinesco, mhandisi wa Romania, aliandika kitabu kizima mwaka 1918 juu ya kusafirisha nguvu kwa mitetemo ndani ya vimiminika, na mfumo wake ulikuwa umeshafungwa kwenye ndege za Uingereza tangu 1917 kuratibu bunduki na panga za rafadha. Hakuna mfano wa kweli ulio karibu zaidi na mji wako. Adui wa bomba la namna hiyo ni kiputo: hewa kidogo tu ikiingia, pigo linaishia kukibonyeza kiputo. Weka kizibo cha kutolea hewa kwenye kila kona ya juu.

“Mashua ziwani hazisikii mtambo wa ufukweni”

Hewa na maji hazipeani sauti. Mlio wa hewani ukigonga uso wa ziwa, karibu asilimia 99.9 hurudi juu. Hata tarumbeta kubwa ya bandarini haitasukuma kitu kilicho chini ya maji.

Zamisha kinywa. Mwaka 1826 Daniel Colladon na Charles Sturm walipiga kengele iliyozamishwa katika Ziwa Geneva na kupata mwendo wa mita 1,435 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya hewani. Kumbuka kwamba noti ileile ina wimbi refu zaidi ya mara nne ndani ya maji, kwa hiyo kila koo ulilopima kwa hewa lipimwe upya kabla ya kuzamishwa. Na kama ziwa lako ni ndugu wa Kivu, lenye gesi nyingi iliyoyeyuka katika kina chake, mitambo ibaki kwenye maji ya juu, isije ikaitibua gesi hiyo. Msomaji wa Goma hahitaji kuambiwa sababu ya sheria hiyo.

“Wahudumu wana masikio ya namna gani?”

Fupi: kwenye desibeli 85 mtu asikae zaidi ya saa 8 kwa siku, na kila desibeli 3 zikiongezeka muda ukatwe nusu. Kwenye 100 ni dakika 15. Mtambo wa kusaga utazidi hapo, basi uwe chini ya ardhi, au wahudumu wawe na zamu za robo saa, vizibo vya nta, na lugha ya ishara. Mji uliozeeka na sauti utakuwa na viziwi wengi, na wasiwe mapambo. Wao ndio mafundi wanaosoma mtetemo kwa kiganja.

“Kitu kimepasuka”

Usilaumu ukubwa wa kelele kwanza. Laumu noti. Mwaka 1831 daraja la Broughton, Uingereza, lilianguka chini ya askari waliotembea kwa hatua moja. Mwaka 1850 lile la Angers, Ufaransa, likaua zaidi ya 200. Kila kitu kina noti yake, na msukumo mdogo unaorudiwa kwa wakati sahihi unalimbikizana.

Hatua: gonga kila sehemu iliyo karibu na mtambo kwa nyundo ya mti, sikiliza noti yake, ilinganishe na ya mtambo. Inayofanana ibadilishwe, kwa kuongezwa uzito, kufupishwa au kufungwa mhimili. Mabati ya paa ndiyo ya kwanza kuangaliwa: yana noti nyingi na misumari michache.

“Usiku mtambo ukizimwa, taa zinawakaje?”

Kuweka sauti kwenye chupa ni mahali ambapo watunzi huvunja kanuni bila kujua. Sauti haihifadhiki, hata kengele nzuri hufifia ndani ya dakika. Ukitaka chupa ya sauti, basi huo ndio uchawi wako mmoja, utoe gharama yake waziwazi na mengine yote yabaki ya kweli.

Vinginevyo hifadhi kazi iliyofanywa na sauti. Mchana mkono upandishe maji hadi tangi lililo mita 10 juu; usiku yashuke kwenye gurudumu dogo. Lita 1,000, yaani bidoni 50, zikishuka mita 10 zinatoa nguvu ya kuwasha taa ya wati 5 kwa saa tano na nusu kama hakuna kinachopotea. Ukikadiria kwamba nusu inapotea njiani, ni bidoni 50 kwa taa moja kuanzia giza linapoingia hadi karibu saa tatu usiku. Hesabu nyumba za mji wako, zidisha, na uchore tangi la ukubwa huo mlimani kabla ya kuandika sura ya nne.